Pete Iliyojifumba

Mtambo wenyewe haukuwa wa kutisha: pete ya shaba iliyosimama sakafuni, kimo cha mlango, na pembeni yake wenzo wa chuma. Ukishusha wenzo, nguvu za ulimwengu wa pili zilimiminika kupitia pete, zikaingia kwenye waya hadi hospitali, na huko mfupa uliovunjika uliungana kwa siku moja. Watu wa mtaani waliuita uchawi wa serikali.

Mafundi walikuwa wawili, mume na mke. Mume alikuwa msemaji sana, wakambandika jina Redio. Mke alikuwa mkimya, na ndiye aliyeshika wenzo.

Jumatatu asubuhi pete pacha iliyosimama ng'ambo, katika ulimwengu wa pili, ililegea. Redio akavaa glavu, akachukua spana, akavuka kwenda kuikaza. Alikaza boliti tatu. Ya nne ikakatika. Papo hapo pete ya huku ikajikunja kama mdomo uliolamba ndimu, ikabaki upana wa sahani. Redio akabaki kule.

Ng'ambo nguvu ni nyingi kupita kiasi. Mtu akikaa humo bila kupunguziwa, damu humchemka. Mkewe akashusha wenzo, nguvu zikapungua kule, naye Redio akashusha pumzi. Lakini mke aliona kitu. Akapima kwa rula, akavuta tena, akapima tena. Kila akivuta, pete ilipungua upana wa kidole.

Mhandisi aliyeuunda mtambo alikuja mbio. Akaizunguka pete, akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena.

"Binti yangu, usipovuta, anaungua. Ukivuta, pete inafumba."

"Sasa nifanye nini, mzee?"

Mhandisi akachukua kalamu, akaanza kuchora pete nyingine.

Mama mkwe alifika siku ya pili na shati safi la mwanawe, akaketi karibu na pete, asibanduke. Jumatano tundu lilikuwa bado linapitisha mkono. Akaushika mkono wa mwanawe.

"Mwanangu, unachemka!"

"Joto tu, mama. Ijumaa nitakuwa nyumbani." Akacheka. Mkewe alikijua kicheko kile. Ndicho alichocheka siku alipovunjika mbavu.

Siku hizo wagonjwa walipona kuliko wakati wowote. Mtu mmoja aliyekuwa akitembelea magongo alikuja kwa miguu yake kuwashukuru mafundi, akapeana mikono na kila mtu, akaondoka akipiga mluzi. Mama mkwe akamfuata kwa macho hadi getini.

"Huyu kapona kwa moto wa mwanangu?"

"Ndiyo, mama."

"Mungu amzidishie afya," alisema, kisha akajifunika uso kwa lile shati.

Alhamisi mchana tundu halikuzidi upana wa kidole. Redio alikuwa ameacha mizaha.

"Mama yupo?" aliuliza.

"Kasinzia kitini."

"Mwache. Zimebaki mara ngapi?"

Mkewe akaweka rula chini. "Moja."

"Nilijua. Nasikia rula yako ikigonga shaba."

"Vumilia, baba watoto. Mhandisi anatengeneza pete nyingine."

"Atamaliza lini?"

"Mwezi ujao."

Mke alisikia meno ya mumewe yakisagana.

"Vuta, mke wangu. Nimejikaza, nimeshindwa."

"Nikivuta sitakusikia tena. Wala sitaweza kukupunguzia."

"Najua. Hata dakika kumi za nafuu zinatosha. Vuta."

Akaushika wenzo kwa mikono miwili. "Nimwambie nini mama?"

"Mwambie..." Mguno ukameza maneno yake. Mke akavuta.

Shaba ikakutana na shaba bila hata mlio. Waya zikavuma kidogo kuelekea hospitali, zikatulia. Mama mkwe akafumbua macho.

"Kapata nafuu?"

"Amepata, mama."

"Mbona basi tundu silioni?"

Mama mkwe akainuka, akaweka kiganja juu ya shaba, akamwita mwanawe kwa jina la utotoni, kwanza kwa upole, halafu kwa ukali, kama anayemwita mtoto aliyejificha. Nyuma yake mkwewe alikuwa akipandisha wenzo na kuushusha, akiupandisha na kuushusha. Ulikuwa mwepesi, hauvuti chochote.