Mlango wa Raheli

Raheli alikuwa ameingoja siku hii tangu masika, wala hakuona haya kuifurahia. Vitalis, yule kijana wa kamera, alikuwa amerudi na filamu yake. Alitundika shuka ndani ya ghala la pamba, akaziba madirisha kwa magunia, watu wakajaa mchana kweupe.

Mwaka uliopita wenzake wote waliposhuka kutoka vilima vya Mamboya kwenda kijiji cha ujamaa, Raheli alibaki juu peke yake. Vitalis alimkuta hivyo, akampiga picha za sinema. Mwezi uliofuata jirani yake wa zamani, Yeremia, alipanda akaung'oa mlango wa Raheli ili alazimike kushuka, akadai ameuchoma moto. Mvua ikaingia ndani, kuta zikalainika, nyumba ikalala chini. Raheli akaja kujibanza jikoni kwa Magreti, mama mmoja aliyetoka kijiji cha Zombo, na huko kijijini akaukuta mlango wake kwa Yeremia, umepakwa rangi ya kijani. Alisema mpaka akachoka. Waliotoka Zombo na Masanze walimwona bibi aliyechanganyikiwa; wa kwao Mamboya walifyata ulimi, maana Yeremia ndiye aliyegawa viwanja.

Filamu yenyewe haikuwa na sauti. Raheli anafagia uwanja. Raheli amekaa. Ukungu unapita.

"Sinema gani hii, hata ngoma hakuna!" mtu alilalamika.

Subirini tu, Raheli alijisemea.

Kisha Raheli wa kwenye shuka akaingia ndani, akafunga mlango. Mlango ukabaki pale, muda mrefu mno. Chini pembeni kilionekana kiraka cha debe alichokipigilia marehemu mumewe kwa misumari saba, mmoja umepinda.

"He! Si mlango wa Yeremia huo?" Magreti alipayuka.

Vichwa vyote vikageukia kiti cha mbele. Yeremia aliinuka, jasho likimtiririka, akaja akainama mbele ya Raheli.

"Shikamoo, mama."

Ghala zima lilisubiri marahaba. Raheli alimwacha ameinama. Raha aliyoisikia ilikuwa tamu kweli.

"Nitaurudisha leo hii, mama."

"Utaupachika wapi? Nyumba iko wapi?" Filamu ilikuwa imekwisha, shuka limebaki jeupe. "Uache huko huko kwako. Ila ikwangue hiyo rangi. Kila atakayekuja kupiga hodi, ajue anagonga mlango wangu."

Yeremia alirudia salamu, safari hii kwa sauti ndogo. Raheli alijitanda kanga yake, akatoka juani bila kuitika.