Mazishi ya Shangazi

Kwenye kile kiwanda cha mbao ng'ambo ya daraja, ukitokea Ifakara mjini, watu waliogopa mdomo wa Aurelia kuliko walivyoogopa msumeno. Msumeno ulikata mbao, Aurelia alikata watu, na akishakukata unashangaa mwenyewe unacheka. Alikuwa Mndamba wa kuzaliwa, wa wavuvi na wakulima wa mpunga wa bonde lile, mjane, mama wa binti mmoja aitwaye Levina, na mikono yake ilikuwa imezeeka kwenye mashine ya randa, akilainisha mbao za mitiki zilizokwenda kutandikwa kwenye sakafu za watu asiowajua. "Kuna mtu huko ng'ambo ya bahari," alikuwa akisema, "anatembea peku juu ya jasho langu, na hata siku moja hajaniamkia."

Mtani wake mkubwa alikuwa Masanja, Msukuma, mwendesha msumeno. Utani wao haukutoka kwa mababu. Mababu wa Masanja walikuwa wakichunga kule Kanda ya Ziwa na wala hawakujua kama Mndamba ni mtu au ni aina ya samaki. Ulizaliwa pale pale kiwandani. Nje ya geti, ng'ombe wa huyu waliingia kwenye mpunga wa yule, watu wakapelekana kwa mtendaji wa kijiji, na siku nyingine fimbo ziliongea kabla mtendaji hajavaa viatu. Lakini ndani ya geti ubao una ncha mbili. Ukishika hii, lazima mwenzako ashike ile, na ubao mzito hubebi na mtu mliyenuniana. Basi wakaanza kutupiana maneno. Wandamba wakaambiwa wananuka kambale mpaka kwenye cheti cha ubatizo. Wasukuma wakaambiwa wakinunua godoro, analijaribu ng'ombe kwanza. Siku zikaenda, maneno yakawa utani, na watani wakaanza kuzikana.

Baba yake Masanja alipofariki, Aurelia alishuka kaburini kabla ya jeneza, akajilaza chali na kitenge chake, akasema hatoki mpaka wafiwa watoe kitu, maana marehemu alimaliza nyasi zote za Wandamba. Wafiwa wakacheka huku wanalia, wakachanga, Masanja mwenyewe akamkabidhi, naye akanyanyuka. Ndiyo sheria yenyewe, wala hakuna nyingine. Mtani akishapokea kutoka mkononi mwa mfiwa, anapisha, maziko yanaendelea. Akigoma baada ya kupokea, huyo si mtani tena. Ni adui.

Na ule msumeno mkubwa waliuita Shangazi, kwa sababu ulikula sana, ulilalamika kutwa, na hakuna aliyethubutu kuujibu.

Habari ililetwa na Elineema, afisa utumishi, kijana wa Kipare mwenye shati lililopigwa pasi hata kwenye vumbi la mbao. Alipanda juu ya gogo akasema kampuni inaboresha mnyororo wa thamani. Watu wakamtazama. Akafafanua kwamba kuanzia sasa mitiki haitapasuliwa hapa. Magogo yatachongwa pembeni kidogo tu, yasafirishwe yakapasuliwe na kupigwa randa huko Asia, maana huko gharama ziko chini.

"Chini kuliko sisi?" aliuliza Masanja.

"Chini kidogo."

"Elineema mwanangu, chini yetu sisi kuna mtaro. Hao watu wanakaa wapi?"

Hakuna aliyecheka, kwa sababu Masanja hakuwa anatania. Elineema akasoma kwenye simu yake kwamba na mashine zitakwenda pia. "Zinakwenda kwa wenzenu," akasema, kwa sauti ya mtu anayetoa pole.

"Wenzetu," Aurelia alirudia. "Nani alitutambulisha?"

Jioni ile, kwenye banda la baiskeli, walikubaliana. Jumatatu kila mtu atakaa chini getini, mashine haipiti, mpaka mwenye kampuni aje aongee nao yeye mwenyewe, siyo kwa simu ya Elineema. Waliapa. Masanja aliapa kwa Kisukuma ili, alisema, hata ng'ombe wasikie.

Jumatatu ilipofika, geti lilikuwa tupu kama kiganja. Kila mmoja alipita harakaharaka, kichwa chini, mmoja anafunga kamba ya kiatu, mwingine anapokea simu isiyolia. Aurelia naye alipita. Yeye alikuwa na sababu yake.

Elineema alikuwa amemwita pembeni, nyuma ya stoo.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Unataka nini? Ukianza na shikamoo nene hivyo najua una jambo."

Kijana akacheka. "Mama Levina, wanabaki watu wachache sana. Walinzi watakuja wa kampuni ya Morogoro, pamoja na wale wa kuchonga magogo. Anahitajika mpishi mmoja wa kuwapikia. Jina lako lipo. Mradi tu mambo yaende kwa utulivu mpaka mashine iondoke."

"Na wenzangu?"

"Ndiyo maana nakuambia peke yako. Ukisema, watakuonea wivu."

Levina alikuwa mwaka wa pili chuo cha uuguzi, hapo hapo Ifakara. Mwaka wa tatu hauji kwa kuombewa kanisani tu. Aurelia akameza maneno, yeye ambaye maishani mwake alikuwa hajawahi kumeza hata moja. Wiki nzima alisaidia kufungua nati za mashine yake mwenyewe, akaifuta, akaipaka mafuta isipate kutu baharini, kwa uangalifu ule ule wa kumwandaa mwari. Akikumbuka lile geti tupu aliwadharau wenzake. Waoga hawa, alijisemea. Halafu alijikumbuka na yeye, akaongeza kasi ya kufuta.

Siku ya kupakia, lori la kontena liliingia kinyumenyume. Clinton, dereva wa folklifti, alimnyanyua Shangazi polepole. Walikuwa wamemzungushia nailoni nyeupe kuanzia juu mpaka chini, kazi safi, na alipokuwa angani mtu mmoja nyuma akasema kwa sauti ndogo, "Kavalishwa sanda."

Neno hilo likaharibu kila kitu. Kofia zikaanza kuvuliwa vichwani. Masanja, aliyeuendesha msumeno ule tangu ulipofungwa, akajikuta kasimama mbele kabisa, mikono imekutana tumboni, na watu wakampa nafasi kama anavyopewa mfiwa. Evelina, mama mfagia vumbi, akaanza kuimba wimbo wa maziko nusu kwa mzaha, na mzaha ule haukufika mbali.

Halafu macho yote yakamgeukia Aurelia. Msiba ulikuwa wa Wasukuma. Watani walikuwa Wandamba. Na mtani mwenyewe alikuwa yeye.

"Mtani," Masanja akamrushia, "leo vipi? Umekwamwa na mwiba wa kambale?"

Aurelia akatazama pembeni. Kule alikotazama alikuwapo Elineema, naye akamtikisia kichwa, kidogo tu, kama mtu anayefukuza nzi bila kutumia mkono.

Akawaza jiko. Akamwaza Levina na gauni lake jeupe. Shangazi akashushwa sakafuni mwa kontena, na Clinton akarudisha folklifti nyuma.

"Basi," alisema Evelina, "anazikwa kama mbwa. Hana hata mtani."

Angesema kingine chochote, Aurelia angevumilia. Alivua kandambili zake, akazipanga vizuri chini ya lori, akapanda. Alimpita Shangazi, akajilaza chali kwenye mbao za sakafu ya kontena, akajifunika kitenge mpaka kidevuni.

"Sitoki," alisema.

Nje ulilipuka mlio wa kicheko na vigelegele ambao kiwanda kile kilikuwa hakijausikia wiki nzima.

"Sitoki mpaka mniambie Shangazi kafa kwa ugonjwa gani. Juzi alikuwa anakula gogo zima na maganda yake. Hajakohoa, hajalazwa. Nani kamroga? Mnapeleka maiti kwa ukoo gani huko, wana posho yake? Wana watani huko, au atakaa matanga peke yake kama Msukuma aliyekosa michembe ya viazi?"

"Muulize vizuri, mtani!" wakapiga kelele huko nje. Baadhi walianza kukaa chini, pale pale nyuma ya lori. Hawakupanga. Miguu tu ilichoka kusimama, ikakumbuka Jumatatu.

Bwana Viktor, meneja, akatoka ofisini na simu sikioni. Alikuwa ameishi bondeni miaka kadhaa, na Kiswahili chake kilitosha kuagiza watu na chakula. Akaona watu wamekaa, akaona miguu ya mwanamke ndani ya kontena lake, na shingo ikabadilika rangi. "Nini hii? Mgomo?" Kwenye simu kulikuwa na mtu wa bandarini. Ilisikika meli ikitajwa, ikatajwa tena.

Elineema akamvuta kando, akamweleza kwa Kiingereza cha harakaharaka. Aurelia kule ndani hakuelewa maneno, lakini alisikia sauti ya Viktor ikipoa hatua kwa hatua, kama mtu aliyeambiwa kwamba nyoka aliyemuona ni kamba.

"Kumbe ni mila tu," alisema Viktor. Akacheka kabisa. Akatoa pochi, akachomoa noti moja nyekundu ya elfu kumi.

Elineema akaileta mlangoni mwa kontena. "Mama, haya. Mila imetimia."

"Wewe si mfiwa," Aurelia alimjibu bila kunyanyua kichwa. "Mtani halipwi na mpita njia. Rudisha."

Kicheko kikaenda mpaka kwenye magogo. Lakini Elineema alikuwa mwepesi, alikuwa amekulia nchi hii hii. Akageuka, akamshika Masanja kiganja, akamwekea ile noti ndani yake, akamnong'oneza neno.

Masanja akapanda. Ndani mle mlikuwa na joto na harufu ya mafuta aliyoyapaka Aurelia mwenyewe. Akachuchumaa upande wa kichwa chake.

"Pokea, mtani."

"Masanja. Watu wamekaa chini. Huwaoni?"

"Nawaona."

"Mimi nikilala hapa mpaka jioni, hawa hawanyanyuki. Meli inaondoka bila kontena. Lazima mwenye kampuni aje. Wewe usinipe hiyo hela, basi. Sema wafiwa hawana. Wasukuma kukosa hela leo si ajabu."

Masanja alikuwa anaitazama noti. "Jina langu lipo," alisema, polepole. "Ulinzi. Nimeambiwa mimi ndiye nabaki kulinda yadi, mradi mambo yaende kwa utulivu. Ng'ombe waliuzwa wote kipindi kile wafugaji tulipofukuzwa bondeni, unajua. Sina pa kurudi. Pokea, Aurelia. Nakuomba."

Masanja alikuwa hajawahi kumwita kwa jina. Ilikuwa mtani, siku zote.

Angeweza kukataa. Lakini mkono ulionyooshwa ulikuwa wa mfiwa, na mfiwa alikuwa anaomba kweli. Ukiikataa hela ya mfiwa mbele ya watu umemtukana yeye, umemtukana na marehemu wake. Nje ya geti lile mpunga na ng'ombe walikuwa bado wanasubiriana. Akaipokea. Ilikuwa imelowa jasho la Masanja.

Alipokwisha kukaa ndipo neno likamfikia.

"Umesema ulinzi?"

"Ndiyo."

"Walinzi si wanatoka Morogoro? Mimi niliambiwa niwapikie."

Wakatazamana.

"Alikuambia nyuma ya stoo?" aliuliza Aurelia.

"Nyuma ya stoo. Akaanza na shikamoo."

Waliteremka. Watu wakapiga makofi, maana mtani amelipwa na hivyo ndivyo inavyotakiwa, na waliokuwa wamekaa wakanyanyuka wakijipangusa vumbi matakoni. Clinton akasukuma milango ya kontena, mtu wa forodha akabana sili kwenye makomeo, na lori likaunguruma. Yote hayo yalichukua muda ambao Aurelia aliutumia kutafuta kandambili zake na kuzivaa, kwa kuwa hakujua afanye nini kingine na mikono yake.

Lori lilipoanza kusogea kuelekea getini ndipo alipowageukia. Hakupaza sauti.

"Jamani. Aliyeahidiwa kubaki, anyooshe mkono."

Kila mmoja akaangalia ardhi, maana kila mmoja alikuwa ameambiwa asiseme.

"Mimi ni mpishi," alisema Aurelia, akanyoosha wake.

"Mimi mlinzi," alisema Masanja.

Evelina akauinua wake nusu, ukabaki usawa wa sikio. "Mimi ni wa kufagia yadi," alisema. "Peke yangu." Clinton alikuwa amerudi kukaa kwenye folklifti. Akanyoosha mkono bila kusema kitu. Kisha mwingine, na mwingine nyuma yake, na watu wa stoo, na wapanga mbao, mpaka hapakuwa na mkono uliobaki chini isipokuwa wa Elineema, aliyekuwa akielekea ofisini akiwa ameinamia simu yake.

Dereva wa lori, akikata kona kutoka getini, aliwaona kwenye kioo wamesimama wote, mikono juu. Akapiga honi mara mbili, akatoa mkono dirishani, akawapungia na yeye.