Nyumba ya Apolena

"Nani ameliweka kabati pale?"

Vratislav Hnízdil aligeuka, brashi ya rangi mkononi. Mlangoni alisimama bibi aliyejifunga kitambaa kichwani, mkoba umening'inia kwenye kiwiko.

"Mimi, mama. Leo tunapiga filamu humu."

"Najua. Ndiyo maana nimekuja. Hapa ni kwangu."

Alikuwa Apolena Šindelková. Wiki tatu nyuma alihamishiwa mjini, ghorofa ya sita, yeye na kijiji kizima, kwa kuwa ardhini, chini ya vitanda vyao, kulikuwa na makaa ya mawe ya kuchimbwa. Watu wa filamu kutoka Prague walipewa nyumba yake waichome kwenye filamu ya vita, kabla ya matingatinga kuingia kesho yake.

Hnízdil alikuwa mbunifu wa mandhari ya filamu kwa miaka thelathini na moja. Alijenga makanisa ya mbao nyembamba, mitaa ya Vienna yenye upande mmoja tu, na ikulu ambayo nyuma yake palikuwa na kantini. Vyote vilibomolewa. Hakuvisikitikia. Chumba hiki cha jikoni alikuwa amekipamba kwa kufuata picha za makumbusho.

"Kabati lilikaa chini ya dirisha," alisema Apolena. "Na meza hii je? Nani anakula akitazama ukuta?"

"Mama, kamera inakaa huku."

"Basi nayo ihame. Sisi wote tumehama."

Hnízdil alicheka bila kutaka. Akalisukuma kabati, kisha meza. Apolena alitazama, akaguna, akatoa aproni mkobani, akapiga magoti na kuanza kusugua sakafu.

"Vráťo!" Mwongozaji, Jarmil, alimwita kwa jina lake la mkato, akipiga kelele nje. "Mawingu hayo yanakuja! Umemaliza?"

Nyumba ilikuwa moja, na moto ungewashwa mara moja. Jua likipotea, filamu imepotea. Hnízdil hakuwahi kuchelewesha kazi hata siku moja. Alitazama sakafu, nusu ilikuwa bado.

"Rangi haijakauka! Nipe nusu saa."

"Rangi gani? Si tunaichoma?"

"Haijakauka, nimesema!"

Apolena hakuinua kichwa. "Unajua kudanganya wewe."

"Ndiyo kazi yangu, mama."

Hnízdil akachukua tambara jingine, akapiga magoti kando yake.

Saa nane na robo walitoka. Apolena alifunga mlango, akatia ufunguo mfukoni. Jua lilikuwa bado lipo, ingawa hafifu. Moto ulipopanda, alisimama kama mtu anayesubiri basi. Paa lilipoanguka alisema, "Marehemu mume wangu aliliezeka vibaya tangu mwanzo." Kisha akashika ukuta wa jirani, akauegemea muda mrefu.

Jarmil alikuja mbio, uso umemwiva kwa furaha. "Lile jiko, ukilitazama dirishani! Kama watu wametoka sasa hivi. Umefanyaje?"

Mikono ya shati la Hnízdil ilikuwa imelowa hadi viwiko.

Wazimamoto walikunja mipira yao ya maji. Maji meusi yaliteremka barabarani hadi bwawani. Bata bukini watatu, ambao hakuna aliyekumbuka kuwahamisha, walipanda ukingoni, wakasimama kidogo, kisha wakarudi majini.