Sauti Nyuma ya Mlango

Rafiki yangu Ligor aliigiza Wajerumani tu kwenye filamu, kwa sababu ya macho yake ya buluu. Mwaka 1974 alikamatwa, hakurudi. Sisi tuliozungusha sinema vijijini kwa nyumbu tukaletewa amri: uso wake ukatwe kwenye kila filamu, na aliyekata aandike jina lake ukingoni mwa mkanda. Nilikata kwa mkasi wa fundi nguo. Nikaandika: Petraq.

Baadaye nikaenda Ugiriki, nikaenda Ujerumani, nikaosha vyombo vya watu, nikarudi mzee. Juzi mjane wake, Drandofile, akanipigia simu.

"Petraq, mbuzi mzee wewe, bado unapumua? Ghala la filamu Tirana wameupata mkanda wa Ligor, ule uliouzungusha vijijini. Twende."

"Uso wake haumo, shemeji. Walimkata."

"Najua. Lakini si kuna pale anapofoka nyuma ya mlango? Pale haonekani, wangekata nini? Miaka hamsini sijaisikia sauti yake."

Huko ghalani mkanda ulikuwa unanuka siki, umejikunja kama gome. Fundi, Mwaustria mwenye haraka, akaeleza kwa Kijerumani, nami nikatafsiri: muda wake ni leo tu. Mkanda wenye mtu anayetambulika atauokoa. Mingine inaondoka na lori la taka mchana huu; hilo la mwisho sikumtafsiria Drandofile. Akaupitisha kidogo mashineni. Spika ikakoroma, kisha mwanamume akafoka: "Pigeni!"

Drandofile akashika kifua.

"Ni yeye?" fundi akamuuliza kwa Kijerumani.

Hakungoja nitafsiri. Akatikisa kichwa kushoto, kulia, machozi yakimtoka. Ndiyo yetu hiyo, tangu tunazaliwa.

"Pole, mama," fundi akasema, akauweka mkanda kwenye pipa la taka.

"Kasemaje?"

"Anakupa pole."

Neno moja langu lingetosha kumsahihisha. Lakini ukiokolewa mkanda, unaokolewa pamoja na ukingo wake, na jina langu juu yake. Nikamshika Drandofile mkono, nikamtoa nje.

Uani tulikunywa kahawa huku mapipa yakipakiwa.

"Basi kakubali? Nitamsikia tena?"

Nilitaka kumdanganya. Nikatikisa kichwa juu, chini: ndiyo ya Wajerumani. Miaka kumi na tisa kwao imeniingia shingoni. Kwetu hiyo ni hapana.

Akanikazia macho. Akageuka kulitazama lori, lilikuwa limeshatoka getini.

"Petraq," akasema, "hao waliomkata ni akina nani?"