Nyimbo za Juu Mno Kwangu

Katika bonde letu lote hapa Kentucky hakuna mwanamke anayenishinda kuimba sauti ya pili. Walionishinda wameshazikwa.

Nimemwitikia Hollis Tackett tangu tukiwa vijana, katika kila albamu yake. Mwaka jana, mzee mzima, alikwenda Nashville kurekodi ya mwisho, akamchukua msichana wa watu mwenye buti nyekundu.

"Usinichukie, dada Orlena," aliniambia. "Nyimbo nimezipandisha juu. Sauti yako haifiki tena huko."

Nikamwamini. Nililia, nikaacha hata kuimba kanisani.

Jumapili akaniletea santuri yenyewe. Nikampakulia maharage na mkate wa mahindi, nikaiweka kwenye gramafoni. Ulipoanza ule wimbo wetu wa mgodini, nilichukua gitaa nikaufuata. Nikateremka kutoka sauti yetu ya zamani, nikateremka tena, mpaka nikaukuta. Ujanani Hollis hakuwahi kuimba chini namna ile. Nikaingia na sauti ya pili toka kiitikio mpaka mwisho, nimekaa kitako, bila hata kukohoa.

"Mbona nafika, Hollis?"

"Mashine yako imezeeka, bibie. Inazunguka polepole, inashusha sauti."

"Haya. Izime, uniimbie mwenyewe, kule kule juu ulikozipandisha."

"Na chakula je?"

"Maharage yatakusubiri."

Akaweka kijiko chini, akavuta pumzi, akaanza. Sauti ikamkatikia kabla mstari wa kwanza haujaisha, naye akainamia bakuli, masikio yamemwiva.