Mzee Mbwana na Riba ya Serikali

Mzee Mbwana alipotamka mbele ya karani kwamba hazitaki zile fedha, Chausiku mkewe alishika kichwa. Hazitaki! Mtu aliyebomolewa nyumba na kung'olewa michungwa kule Ngombezi ili barabara ya serikali ipite, akahamia kwa mdogo wake Mdoe, kule Manundu, kama mgeni asiyejua kuaga, leo fidia imefika mezani, eti hazitaki. Jamani!

"Fidia yangu naitaka," Mbwana alisahihisha. "Hiyo nyongeza ndiyo siitaki. Ni riba, na riba ni haramu. Nimeshaota mvi, sitaki kwenda mbele ya Mungu na madoa."

Karani Eliasi, kijana mpole, alieleza upya. Serikali ikichukua ardhi ya mtu na kuchelewa kumlipa, sheria inamwongezea riba kwa muda wote aliongoja. Fedha zimeidhinishwa pamoja: ama mzee aweke dole gumba apokee zote, ama jalada lirudi Dar es Salaam. Na likirudi huko, mzee wangu, sijui tutaliona tena lini.

"Basi tuiite pole ya kuchelewa," Eliasi alibembeleza.

"Nguruwe hata umvishe shela, mwanangu, hawi mbuzi."

Eliasi akacheka, akawapa mpaka kesho yake wakafikiri.

Walirudi Manundu kwa miguu bila kusemezana. Chausiku alimpenda mumewe, hilo tuliseme waziwazi, na alimpenda hasa kwa ucha Mungu wake huo huo uliokuwa unamchoma roho sasa. Lakini alitaka nyumba yake. Amechoka kuazima sufuria kwa mke wa Mdoe, amechoka kukohoa kwa adabu kabla ya kupita ukumbini mwa watu. Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Wao jembe walishapewa, na makali yakaisha. Fidia ingesimamisha kuta, na hiyo nyongeza ingeleta mabati. Jalada likirudi Dar, watazikwa uani kwa Mdoe.

Walipofika alikaa kumenya mihogo. Mbwana akakaa karibu, anamwangalia kwa pembe ya jicho, maana aliujua ukimya ule.

"Baba Hamisa, riba unaiogopa?"

"Naiogopa sana."

"Na deni je?"

"Deni ndiyo usiseme! Mtu akifa na deni, roho yake inaning'inia mpaka lilipwe."

"Vizuri. Basi nilipe mahari yangu."

Mbwana aliikumbuka mahari hiyo. Siku ya ndoa yao aliahidi ng'ombe mmoja mbele ya mashahidi, akaomba asubiriwe mvua inyeshe. Mvua zikanyesha, Hamisa akazaliwa, akakua, akaolewa, na mahari ya Hamisa Mbwana mwenyewe alisimama kidete ilipwe yote siku ileile. Ya mama yake haikutajwa tena.

"Nilidhani ulishanisamehe," alisema taratibu.

"Mbele ya nani? Nilinyamaza tu. Niliona huna, na nilikupenda, nikangoja. Dawa ya deni kulipa, mume wangu."

Alitaka kumwongezea na lile la nyani haoni kundule, lakini aliona macho ya mzee yamelowa, akalimeza.

"Nitakulipa," Mbwana alisema. "Nitakununulia ng'ombe mwenye ndama."

"Ndama wa nini? Tuliagana ng'ombe."

"Umengoja mno, mama Hamisa. Ng'ombe wako saa hizi angekuwa ameshajaza zizi. Hukunidai ndama, wala hatukuwekeana sharti. Natoa kwa kupenda."

"Ahaa! Na wewe na serikali mliwekeana sharti?"

"La."

"Uliidai ikuongeze?"

"Sikuidai."

"Ila imeona imekungojesha, ikaongeza."

Mbwana akaona alikokuwa anapelekwa. Mabega yakaanza kumtikisika, mara kicheko kikamtoka mpaka mke wa Mdoe akachungulia. "Lahaula! Wewe mwanamke ungekuwa kadhi, Korogwe nzima ingenyooka!"

"Nipishe hapo nimwage maganda," alisema Chausiku, naye anacheka.

Asubuhi Mbwana aliweka dole gumba. Eliasi akapanga mezani mafungu mawili, la fidia na la riba. Mzee alilivuta la fidia, akalitia mfukoni mwa kanzu. La pili hakuligusa.

"Na hili, mzee?" Eliasi aliuliza, roho juu.

"Hilo mpe mama. Ni la kungoja, na mimi sikungoja, nilikuwa nanung'unika tu. Aliyengoja ni yeye."

Chausiku, ambaye ulimi wake haujapata kulala njaa, alitafuta neno la kumtania akalikosa. Alizifunga zile fedha kwenye pindo la khanga, akalia palepale mbele ya karani, wala hakuona haya.