Migomba ya Tulia Yahama

Tulia alikuwa akipalilia maharage nyuma ya nyumba ya marehemu baba yake, kijijini Kinyala, migomba aliyoiacha Masukulu ilipofika. Ilikuja yote na udongo wake, na kaburi la mumewe, Ackson, katikati, msalaba umepinda kidogo kwa mwendo. Watu wa kijiji cha Msasani, njiani, walisema ilisimama kando kupisha lori la chai, kisha ikaendelea na safari. Tulia aliionyesha mahali pa kukaa, akarudi kwenye maharage.

Ni migomba hiyo iliyomfikisha mahakamani. Ackson alipofariki, ndugu yake, Jairo, alitaka kumrithi Tulia kama ilivyokuwa mila. Tulia akakataa, Jairo akamfukuza, na mahakama ikaandika kwamba mjane aliyekataa kurithiwa hana chake katika shamba la mume. Maneno hayo yalimchoma kuliko kufukuzwa kwenyewe. Akakata rufaa.

Siku ya rufaa, hakimu alimuuliza Jairo kama bado analishikilia shamba.

"Shamba lipi, mheshimiwa? Limeondoka. Pamebaki mwamba, nami sina ugomvi na mwamba."

Hakimu, mtu mpole sana, alimgeukia Tulia. "Basi mama, ulichokidai unacho. Rufaa yako haina kazi tena."

"Ndizi ninazo, mheshimiwa. Ila hukumu bado inasema sina haki. Naomba ifutwe."

"Mahakama haiamui jambo lililokwisha, mama."

"Halijaisha. Limehama tu."

Hakimu alikubali kwamba hoja ilikuwa nzuri. Akaitupa rufaa kwa upole uleule, na hukumu ya kwanza ikabaki kama ilivyo. Jairo aliaga, akaenda zake kunywa chai.

Tulia hakuondoka. Alikuwa na hasira, na hakuona sababu ya kuipeleka nyumbani. Likaitwa shauri la Ikupa, mjane kijana wa Masukulu, naye amekataa kurithiwa. Hakimu aliifungua hukumu ya Tulia, akaisoma yote, akasema haijatenguliwa na mtu. Kisha, kwa kutenda haki, akamuuliza Ikupa kama migomba yake nayo imehama.

"Hapana, mheshimiwa. Ipo palepale."

"Basi huna chako, mama."

Tulia aliinuka, akaenda kuketi kando ya Ikupa, akamshika mkono.

"Tunakata rufaa, mwanangu," alimwambia. "Ila ukifika nyumbani, iambie migomba yako isiende popote mpaka tusomewe hukumu."